Bawa la Popo wa Bi Esha

Mfaume alikuwa na ugonjwa wa makalio. Si jipu wala bawasiri, Mungu apishe mbali. Ni kwamba makalio yake hayakupata kujifunza kukaa. Mpe kiti, atakaa ukingoni kama mtu aliyeitwa shaurini. Mpe mkeka, atauzunguka kama kuku anayetafuta pa kutagia. Kwao Kilwa Kivinje alikuwa amekwisha vua samaki, akaendesha bodaboda, akachuuza vocha, akafuga kuku wa mayai, na kila kazi aliiacha ikiwa bado ina joto la mikono yake.

Sasa dunia ilikuwa imempata. Alikuwa Kitomanga, ukweni, amemfuata mkewe, na kazi aliyopewa ilikuwa moja tu: akae.

Mkewe, Kadija, alirudi kwao wakati mikorosho inaanza kutoa maua. Hakupigwa, hakufukuzwa, hakupewa talaka. Alikunja nguo zake, akafunga chumba, ufunguo akamwachia jirani, akapanda basi la Lindi. Sasa mabibo yalikuwa yameiva, mekundu na ya njano, harufu yake imejaa kijiji kizima, na Mfaume ndiyo kwanza anafika, shati limepigwa pasi na mdomo umejaa maneno matamu. Maneno yale hayakupata pa kutua. Katika nyumba ile ya Kimwera, neno la mke aliyerudi kwao huamuliwa na mjomba wake, basi. Mjomba Likwata alikuwa akikaa Rasbura, mjini Lindi, naye aliagiza kwamba atakuja akimaliza shughuli zake. Shughuli gani, na zitaisha lini, hakuna aliyethubutu kuuliza. Akifika na kusema "mchukue", Mfaume atamchukua mkewe. Akisema "mwache", Mfaume ataandika talaka palepale na kurudi Kivinje peke yake, abishe hodi kwa jirani kuomba ufunguo wa chumba chake mwenyewe.

Kwa hiyo alikaa barazani kungoja. Kadija alimletea maji ya kunawa na chakula, akaweka chini, akaondoka bila kumtazama. Mama mkwe, Bi Esha, hakusema naye kabisa, maana mkwe na mkwe hawatazamani usoni. Alisema naye kwa kinywa cha binti yake mdogo, Zuhura, hata pale wote watatu walipokuwa karibu kiasi cha kuambukizana mafua.

"Zuhura," Bi Esha aliita kutoka uani, sauti ikipita juu ya kichwa cha Mfaume. "Muulize mgeni wako, hilo baraza lina misumari?"

"Shemeji, mama anauliza baraza lina misumari?"

"Mwambie mama halina."

"Mama, anasema halina."

"Basi mbona halikaliki? Tangu juzi anainuka, anakaa, anainuka, anakaa. Mwambie udongo wa baraza lile niliukanda kwa mikono yangu, asije akanichimbia kisima."

Zuhura hakuufikisha ujumbe huo. Alikuwa ameshika nguzo, anacheka. Yeye alikuwa binti wa ulimi, na shemeji kwa shemeji hapana mwiko. "Shemeji, wewe siku ukifa sijui watakuzikaje. Sanda yako itabidi ishonwe suruali."

"Cheka tu. Mgaagaa na upwa hali wali mkavu."

"Hapa hapana upwa, shemeji. Hapa ukigaagaa unapata upupu."

Kosa lake alilijua, au alidhani analijua. Siku moja, kabla ya hayo yote, alitoka nyumbani kwenda kununua betri za redio. Njiani akakutana na wenzake wanapakia vyombo mashuani, wanakwenda dago, yaani kambi ya wavuvi, huko visiwani upande wa Songosongo. Nafasi ilikuwepo ya mtu mmoja. Makalio yakaamua kabla ya kichwa. Alipopanda chomboni, simu yake haikuwa na chaji, na huko kambini hapakuwa na pa kuichaji. Aliporudi, miezi ilikuwa imepita, lakini betri alikuwa nazo mfukoni, bado ndani ya karatasi yake. Kisa hicho Kivinje nzima ilikicheka. Hata Mfaume alikisimulia mwenyewe kwa mbwembwe, akionyesha jinsi alivyoingia ndani na kusema, "Mke wangu, betri hizi hapa." Kadija peke yake hakucheka. Alizipokea betri, akazitia redioni, akasikiliza taarifa ya habari mpaka mwisho. Baadaye ndipo akakunja nguo.

Ili mikono ipate la kufanya, Mfaume alikuja na kipande cha nyavu cha kushona. Alikishona chote siku ya kwanza. Siku ya pili alitafuta tundu jingine la kuziba, asilione. Ndipo jioni ile, baada ya magharibi, aliposikia bati la jiko likigongwa. To. Kisha kimya. To, to.

Akainuka, bila shaka.

Nyuma ya jiko la Bi Esha ulikuwepo mti mkubwa wa mkungu, matawi yake yametandazwa kama sahani juu ya sahani. Na ndani yake walikuwa wanaingia popo. Si wale wadogo wa darini wanaokamata mbu. Hawa walikuwa wale wakubwa wenye uso wa mbwa, na kila mmoja alikuja na bibo kinywani kama mchukuzi. Popo alining'inia, akalikumbatia bibo lake kwa mabawa, akafyonza maji, akatema makapi. Korosho ile ngumu iliyoko chini ya bibo, ambayo popo hana haja nayo, akaiachia. To, juu ya bati.

Mfaume alisimama pale, damu ikimchemka. Mkwe wake anaibiwa mabibo! Anaibiwa, yanaliwa juu ya jiko lake mwenyewe, kisha anatupiwa mabaki kichwani! "Na mimi mwanamume nimekaa," alijiambia, na neno hilo "nimekaa" lilimchoma kuliko wizi wenyewe.

Kesho yake alasiri, wakati Bi Esha na Kadija wako kwenye mikorosho ya Kadija, alitwaa kile kipande cha nyavu, akapanda paa la jiko, akaifunga ncha moja kwenye boriti na nyingine kwenye tawi la mkungu, ikaziba ule mwanya wote popo waliokuwa wakipitia. Zuhura alitoka jikoni na mwiko mkononi, akatazama juu.

"Shemeji, leo unavua mawingu?"

"Utaona kesho."

"Kama unaianika, jua lenyewe linazama."

"Nimesema utaona kesho. Mama atafurahi mpaka asahau mwiko, aseme nami mwenyewe."

Zuhura alidhani ni yale yale ya mikono isiyotulia. Akamcheka, akarudi kwenye sufuria yake. Usiku huo bati halikugongwa hata mara moja. Mfaume alilala usingizi mtamu ambao hakuwa ameuonja tangu aje Kitomanga.

Alfajiri, baada ya sala, Bi Esha alitoka na ufagio na ungo, kama alivyotoka kila asubuhi ya msimu wa korosho kwa miaka mingi. Akainama chini ya mkungu. Akafagia majani. Akafagia tena. Chini palikuwa safi kama uwanja wa msikiti. Hapo ndipo alipoinua macho.

"Zuhura! Nani kaziba njia ya wageni wangu?"

Mfaume, aliyekuwa akingoja sauti hiyo nyuma ya mlango wake, akajitokeza kifua mbele. "Shemeji, mwambie mama wale wezi nimewakomesha."

Zuhura alitazama nyavu, akatazama ungo mtupu, akatia kiganja mdomoni. "Wewe shemeji wewe! Wezi gani? Hao ndio vibarua wa mama!"

Na palepale, kwa haraka na kwa sauti ya chini, akamweleza jambo ambalo kila mtoto wa Kitomanga alilijua. Bi Esha hakuwa na shamba. Mumewe alipofariki, mikorosho yake yote ilichukuliwa na wapwa wa marehemu, ndiyo desturi, na wapwa wale hawakupata kumletea mjane hata kiganja cha korosho cha kuungia mboga. Kilichobaki mikononi mwake ni nyumba, ua, na mkungu ule. Lakini desturi ile ile iliyomnyang'anya shamba ilikuwa na kipengele kingine: korosho inayoangushwa na popo ni ya mwanamke mwenye ua. Haiulizwi imetoka shamba la nani. Anayedai akamdai popo. Basi kila usiku wa msimu popo walikwenda kwenye mikorosho ya wapwa, wakachuma mabibo yaliyoiva barabara, wakamletea Bi Esha mpaka mlangoni.

"Mama husema," Zuhura alimalizia, "waliorithi shamba wamerithi na popo wake."

Mfaume alitafuta pa kukaa. Kwa mara ya kwanza tangu aje, alipatafuta mwenyewe.

Hakupata nafasi. Nyavu ilitikisika. Kwenye pembe iliyo karibu na boriti, kitu kilichofanana na mwavuli uliovunjika kilikuwa kinajipinda, na sauti ikatoka, kali na nyembamba, kama mlango usiotiwa mafuta.

"Wewe!" Bi Esha alisema. Hakusema na Zuhura. Alimtazama Mfaume usoni, na Mfaume, kwa mshtuko, akamtazama yeye. "Mtoe huyo. Na umtoe mzima. Popo akifia katika ua huu wenzake hawatarudi, na mimi nitakuwa nimebaki na majani ya kufagia."

Mfaume alikuwa juu ya paa kabla neno halijaisha, kisu mkononi. Kata, kata, vuta. Ndivyo alivyofanya siku zote nyavu inaponasa kwenye mwamba. Lakini alipolikaribia lile joto linalohema, kisu kikasita. Uzi wa nailoni haukuwa umemzunguka popo tu. Ulikuwa umeingia kati ya vidole vya bawa, umekaza, umezama katika ngozi. Akikata kwa nje, popo ataondoka na nyuzi mwilini, zimmalize polepole. Akivuta, ngozi itapasuka toka juu mpaka chini.

"Mlete chini na nyavu yake," sauti ilisema. Kadija alikuwa amesimama uani. Mikononi alikuwa amevaa glavu za kupulizia salfa kwenye mikorosho, zile nene za mpira, na begani ana kipande cha kanga chakavu. "Usimguse kichwa. Anauma, na meno yake si ya kuchezea."

Walitandika mkeka pale uani palipokuwa na mwanga. Kadija alimfunika popo kichwa kwa kanga, akamshika mwili kwa glavu. Glavu zile zilikuwa nene mno kwa kazi ya uzi. Kwa hiyo yeye alishika, na Mfaume, vidole vitupu, akafungua. Ikawa hivyo: mmoja akiachia, popo anaumia. Hakuna aliyeweza kwenda popote.

Mfaume alilinyoosha bawa taratibu, na jua la asubuhi likapita ndani yake. Alikuwa hajapata kuliona bawa la popo kwa karibu. Alidhani ni kitu kama turubai, kipande cha ngozi nyeusi kilichobandikwa. Kumbe ulikuwa utando mwembamba kuliko ganda la ndani la kitunguu, laini, una joto, una mishipa midogo inayopigapiga, na mikunjo midogo midogo kama shuka iliyolaliwa. Na ndani ya utando, mifupa. Akaifuata mmoja mmoja. Hapa kiwiko. Hapa kifundo. Hapa kidole gumba, kifupi, kimetokeza nje na ukucha wake. Kisha vidole vinne, virefu kupita kiasi, vyembamba kama njiti za ukuti, na ngozi imeunganishwa kutoka kidole hadi kidole, ikashuka ubavuni, ikafika mpaka mguuni.

"Huu ni mkono," alisema.

"Ulidhani nini?"

"Nilidhani bawa."

"Ni mkono," Kadija alisema. "Anarukia mkono. Angalia hicho kidole cha pili, uzi umepita chini yake."

Alifungua fundo. Likafuata jingine. Nailoni ile aliishona mwenyewe, mafundo yake aliyakaza mwenyewe, na sasa kila fundo lilimcheka. Miguu ilianza kumuwasha. Goti likataka kuruka, popo akalia, akalituliza goti. Jasho likamtiririka puani, na mkono wa kulifuta hakuwa nao.

"Kadija."

"Fungua."

"Nafungua. Nataka kukwambia, kile kisa cha betri..."

"Usinisimulie. Nimekwisha kisikia, na Kivinje nzima imekisikia." Akausogeza mwili wa popo. "Wewe ndiye hujasikia cha kwangu. Hukupata kukaa ukakisikia."

Mfaume akataka kujibu, akaona uzi mwingine, akaushika.

"Wakati uko huko," Kadija alisema, macho yako kwenye bawa, "ilikuja habari kwamba chombo kimezama upande wa Songosongo. Majina hayajulikani. Watu wakaja nyumbani. Sikuwaita. Wakanikalisha mkekani, wakanifunika kanga, wakaanza kusoma Yasini. Mimi nilikuwa nawaambia, mume wangu kaenda kununua betri. Wananitazama, wanasema maskini, akili imemruka. Bibi mmoja akanishika mkono akanivua bangili, akaniambia, mwanangu, eda haina mapambo."

Mkono wa Mfaume ulisimama.

"Fungua, anaumia. Jua limepanda hivi hivi, wali wa watu unapikwa, mara anakuja kijana mmoja kutoka dago anacheka. Anasema, nani kafa? Mfaume nimemwacha anakula pweza, anawachezesha wenzake ngoma ya sufuria. Watu wakaanza kuondoka, mmoja mmoja. Wengine wanacheka, wengine wana hasira na mimi, kana kwamba ni mimi niliyewadanganya. Wali ukabaki. Nikabaki nimekaa na bangili mkononi, sijui nizivae au nisizivae." Akaisogeza kanga kichwani mwa popo. "Sikukasirika kwamba ulikwenda. Wanaume wa pwani huenda. Hukuaga."

Kuku mmoja alipita karibu na mkeka, akatazama, akaona hapamhusu. Mfaume alikuwa na maneno mengi aliyokuja nayo kutoka Kivinje, ya kubembeleza na ya kuchekesha. Aliyatafuta kinywani, hakulikuta hata moja linaloweza kusimama mbele ya zile bangili. Angekuwa barazani, angeinuka hapo. Angekwenda kunawa uso, angekwenda dukani, angekwenda popote. Sasa alikuwa na kidole cha popo kati ya vidole vyake viwili, chembamba kiasi kwamba kupiga chafya kungekivunja.

Akakaa. Akafungua fundo jingine.

Hapo ndipo bodaboda iliponguruma nje ya ua, na sauti nene ikaita, "Hodi wenyewe!"

Zuhura alikimbia nje akarudi macho yamemtoka. "Mjomba!"

Katika nyumba ile, mjomba akifika mume wa mpwa wake huinuka. Si kuinuka tu: huenda mpaka nje, hupokea mzigo kwa mikono miwili, huamkia ameinama, humtangulia njia mpaka kwenye kiti. Asiyefanya hivyo amekwisha jibu swali kabla halijaulizwa. Mfaume alilijua hilo. Misuli ya mapaja ikajikaza yenyewe; mara hii mwili na adabu vilikuwa vimekubaliana.

"Usiinuke," Kadija alinong'ona.

"Ni mjomba!"

"Uzi umebaki kwenye kile cha mwisho. Ukiinuka unampasua."

Mzee Likwata aliingia uani, mtu mnene mwenye kofia ya viua na kifurushi cha samaki wa kukaanga, akijishika kiuno kwa machungu ya bodaboda. Bi Esha na Zuhura walipiga magoti kumwamkia. Mfaume alibaki amempa mgongo.

"Shikamoo, mjomba," alisema, huku ametazama chini.

Mzee alisimama na kifurushi chake mkononi.

"Marahaba," mzee alisema mwishowe, akilivuta neno. "Kumbe siku hizi Kivinje mkwe huamkiwa kwa kisogo. Mji umeendelea."

"Nisamehe, mjomba. Nikiinuka nitamvunja."

"Utamvunja nani?"

"Popo, mjomba."

Mzee alimtazama dada yake. Bi Esha, aliyekuwa na kila sababu ya kummaliza mkwe wake pale pale, alitazama ungo wake mtupu, akasema kwa ukavu, "Ni popo wangu. Mwache amalize."

Likwata aliweka samaki mikononi mwa Zuhura, akavuta kigoda, akakaa mbele ya mkeka kama mtu aliyefika uwanjani mechi imeshaanza. Akaletewa uji. Akanywa, akatazama. "Haya, vuta pole pole. Ah, ah, si huko! Kulia. Kadija, mkaze kidogo. Mimi ningekwisha mchinja, bahati yake ni haramu." Akanywa tena. "Msitu wa Rondo, zamani, niliona mnyama kama kindi. Yuko juu ya mti, akatandaza miguu minne, na kati ya mkono na mguu kumbe ana ngozi kama kanzu. Akajiachia. Hapigi bawa huyo, hapana, anateleza tu juu ya upepo. Nikasema duh, raha gani hiyo! Lakini nikamtazama vizuri: kila akijiachia anatua chini zaidi ya alikotoka. Kisha anaanza kupanda upya, kwa kucha, anahema. Unamjua mtu wa namna hiyo, Mfaume?"

"Namjua, mjomba," Mfaume alisema, "lakini subiri kidogo, nimeufikia."

Uzi wa mwisho ulitoka na tone la damu. Penye utando palibaki tundu, dogo kama punje ya choroko, mwanga ukipita ndani yake. Kadija alilitazama. "Litaziba?"

"Litaziba," Bi Esha alisema. "Nimewaona wenye makovu mengi kuliko hilo, na wanaruka."

Walimpeleka kwenye shina la mkungu, wakafunua kanga. Popo aliwaonyesha meno wote, bila kumbagua aliyemnasa na aliyemnasua. Kisha akakishikiza kidole gumba chake kwenye gamba la mti, akajivuta, mkono wa kushoto, mkono wa kulia, kama mzee anayepanda ngazi, mpaka akafika kwenye majani. Akajigeuza kichwa chini, akajifunga mabawa yake, akatulia. Mfaume alijaribu kusimama akaanguka. Miguu yote miwili ilikuwa imekufa ganzi. Zuhura alicheka mpaka akalia.

Shauri lilifanyika hapo hapo mkekani, kwa kuwa mkwe hakuweza kwenda barazani.

"Sema maneno uliyokuja nayo," mzee Likwata alisema.

Mfaume alijisugua mashavu ya miguu. "Yamekwisha, mjomba. Nilikuja nikidhani nimekosa kwa kukawia. Leo ndiyo nimejua alikalishwa matangani. Sina neno la kulipia hilo."

"Hm. Kadija?"

"Kivinje sirudi," Kadija alisema, na Mfaume akahisi ganzi ile ikipanda kutoka miguuni mpaka kifuani. "Na talaka siitaki."

Mzee alikunja uso. "Sasa mtoto wewe, mimi nimetoka Rasbura na maneno mawili tu, 'mchukue' na 'mwache'. Unataka nini zaidi? Nikalinunue la tatu?"

"Akae hapa."

"Akae mpaka lini?"

"Mpaka bibo la mwisho lianguke. Ile mikorosho uliyonipa, mjomba, sina wa kunisaidia ila mama. Akikaa msimu mzima, tutasema habari ya Kivinje. Akiondoka bila kuaga hata mara moja, hata akienda nyumba ya pili tu, talaka naipokea siku hiyo hiyo."

Mzee Likwata alimtazama Mfaume kwa muda, kama anayetazama ng'ombe wa mnada na hana hakika na miguu yake. "Umesikia? Hukupewa, hukunyimwa. Mimi kwa upande wangu ningekupa wiki moja, na hiyo kwa ukarimu. Lakini nimekukuta umekaa, na hilo sikulitarajia. Zuhura, samaki wale wanapoa."

Alasiri walikuwa shambani, wawili tu, chini ya mikorosho ya Kadija. Kazi yenyewe ilikuwa ya kuinama: unaokota bibo, unaikata korosho kwenye kitako chake kwa uzi uliokazwa, korosho huku, bibo kule, unaokota jingine. Hakuna mahali pa kwenda katika kazi ile. Nzi walimzengea Mfaume usoni, maji ya mabibo yakamnatisha vidole, mgongo ukaanza kumsema. Chini ya mti huu yalikuwa yameanguka tele, na baada ya mti huu palikuwa na mti mwingine, na mwingine, na barabara ya Kilwa ilisikika kwa mbali, magari yakipita kwenda alikotoka.

Alidumu kidogo. Kisha akainuka.

Kadija hakuinua kichwa, lakini uzi mikononi mwake ulisimama.

Mfaume alisimama, akakohoa, akajisikia mjinga kuliko siku zote za maisha yake. "Kadija," alisema. "Nakwenda kunywa maji. Pale kwenye ndoo."

"Nenda."

"Nitarudi."

"Nimesikia."

Alikwenda, akanywa, akarudi, akakaa. Baada ya kitambo kidogo akainuka tena, akaaga kwamba anakwenda kujisaidia kichakani, akataja na kichaka chenyewe. Mara ya tatu aliaga kwamba anakwenda upande wa pili wa mti kwa sababu jua limemfuata. Kadija alilitupa bibo alilokuwa nalo, likampata begani.

"Mfaume, kwa jina la Mungu, huko unaweza kwenda bila kuaga."

"Hapana," Mfaume alisema, akihama na mkeka wake. "Nisije nikazikwa."

Kadija alijizuia asicheke, akainamisha kichwa juu ya korosho ili asionekane. Hakutaka kumpa hiyo furaha mapema hivyo; msimu ulikuwa bado mbichi, na miti ilikuwa mingi.